Sinema ya Hispania Ilisema kwa Sauti ya Nani?

Tumezoea kuhadithiwa historia ya sinema kama historia ya mitambo: imekuja mpya, ya zamani ikatupwa, basi. Makala haya yanadai kwamba kwa Hispania maelezo hayo hayatoshi. Sauti ilipoingia, suala zito lilikuwa lugha na mwenye kuimiliki.

Wakati wa filamu bubu, kumbi za Hispania zilikuwa na msimulizi aliyeitwa "explicador". Alisimama kando ya pazia akiwaeleza watu yanayotokea. Filamu ilitoka popote, lakini sauti ilikuwa ya pale pale.

Mwaka 1929 Francisco Elías alitengeneza El misterio de la Puerta del Sol, filamu ya kwanza ya Kihispania yenye sauti, kwa mfumo wa Phonofilm wa Mmarekani Lee de Forest. Ilionyeshwa Burgos Januari 1930. Lakini kumbi zenye vifaa vyake zilikuwa chache mno, ikafifia.

Pengo hilo wakaliziba wageni. Huko Joinville, karibu na Paris, Paramount ilitengeneza hadithi moja kwa lugha kadhaa. Hollywood nako, Drácula ya Kihispania (1931) ilipigwa picha usiku, kwenye mandhari yaleyale ambayo mchana yalitumiwa na waigizaji wa Kiingereza. Dracula ni Carlos Villarías wa Hispania. Eva ni Lupita Tovar wa Mexico. Lafudhi mbili ndani ya jumba moja! Ukazuka ubishi mkali: Kihispania cha sinema kiwe cha nani? Cha Madrid, Mexico au Buenos Aires?

Mwaka 1932 Barcelona ikapata studio ya sauti, Orphea. Na kichekesho ni kwamba filamu yake ya kwanza, Pax, ilizungumza Kifaransa!

Jibu lilitoka kwa watazamaji wenyewe. Mwaka 1936 walijazana kuitazama Morena Clara ya Florián Rey, iliyojaa nyimbo na misemo ya Andalusia. Nyota wake, Imperio Argentina, alizaliwa wapi? Buenos Aires! Hakuna aliyejali, maana sauti ile ilikuwa na kwao ndani ya hadithi.

Serikali ya Franco haikulielewa somo hilo. Mwaka 1941 iliamuru filamu zote za kigeni ziingizwe sauti za Kihispania, ikidhani inailinda lugha. Kumbe iliwapa wageni kile kitu kimoja ambacho watengenezaji wa nyumbani walikuwa nacho peke yao.