Uso wa Mwanamke Mzee Mbele ya Kamera

Kwa miaka mingi sinema ilipenda nyuso za wasichana. Mwanamke alipozeeka, mara nyingi alibakiziwa nafasi ndogo ya bibi au ya mchawi. Tumtazame mtengenezaji filamu mmoja aliyeikataa desturi hiyo.

Agnès Varda alizaliwa mwaka 1928 nchini Ubelgiji, akafanya kazi yake Ufaransa. Mwaka 1962 alitoa filamu *Cléo de 5 à 7*, juu ya mwimbaji kijana anayesubiri majibu ya daktari huku akiogopa saratani. Mwanzoni Cléo anakimbilia vioo, kana kwamba uzuri ndio uhai wenyewe. Baadaye anaacha kujitazama, anaanza kuwatazama wengine.

Mume wa Varda, Jacques Demy, alipokuwa mgonjwa karibu ya kufa, Varda aliisogeza kamera hadi kwenye ngozi na mvi zake. Demy alifariki mwaka 1990, na picha hizo zimo katika *Jacquot de Nantes* ya mwaka 1991.

Kisha zamu ikawa yake mwenyewe. Katika *Les Glaneurs et la glaneuse*, ya mwaka 2000, alifuatana na watu wanaookota masazo ya mavuno na vitu vilivyotupwa. Kamera yake ndogo ya dijitali ilikuwa nyepesi, hata aliweza kuishika kwa mkono mmoja na kuupiga picha mkono wa pili: mikunjo, madoa, mishipa. Hakuficha kwamba mkono huo ulimtisha. Humo pia aliokota saa isiyo na mishale, akaiweka nyumbani kwake.

Mwaka 2006, katika *Quelques veuves de Noirmoutier*, wajane wa kisiwa kimoja walisimulia upweke wao. Varda, mjane kama wao, alijiweka kati yao. Na mwaka 2017, katika *Visages villages*, yeye na msanii JR walibandika picha kubwa ya uso wa mama mmoja juu ya nyumba yake, katika mtaa wa zamani wa wachimba makaa. Mama huyo alikuwa mkaaji wa mwisho wa safu ile, alipojiona, alilia.

Varda alifariki mwaka 2019. Twajifunza kwake kwamba uzee haufuti utu: mwanamke yuleyule yumo bado nyuma ya mikunjo, akingoja atazamwe bila haraka. Je, sisi tunawatazama hivyo wazee wa nyumbani kwetu?