Feierman, Steven
Mwanahistoria na mwanaanthropolojia Mmarekani, mtafiti wa Wasambaa wa milima ya Usambara, Tanzania. Kitabu chake The Shambaa Kingdom (1974) chahusu ufalme wa Wakilindi, ukoo uliowatawala Wasambaa kutoka makao yake Vugha. Kizito zaidi ni Peasant Intellectuals (1990), ambamo wakulima ndio wenye fikra. Kwao, mfalme asiye na mpinzani huiponya nchi kwa mvua. Watawala wakigombania madaraka, njaa huingia. Ndiyo maana amri ya kikoloni ya kulima kwa matuta, miaka ya 1950, iligeuka ugomvi wa kisiasa juu ya nani aiponyaye nchi na nani aiharibuye. Katika The Social Basis of Health and Healing in Africa (1992), alichohariri na John Janzen, ugonjwa unafungamanishwa na ardhi, kazi na chakula, na mara nyingi ndugu ndio wanaoamua mgonjwa apelekwe kwa mganga au hospitali.