Taksiri ya Tiba, Wala Si Mazoea Mabaya

Rasimu ya istilahi za afya iliyonifikia hapa Kisumu ina maneno mawili nisiyoweza kuyanyamazia. La kwanza ni “mazoea mabaya ya kitabibu”, la pili ni “uripotishaji wa lazima”. Yameunganishwa kutaja jambo ambalo msomaji wangu analifahamu: daktari au muuguzi amemdhuru mgonjwa kwa kutotimiza kiwango cha kazi yake, kampuni ya bima au mwajiri amelipa fidia, au baraza la taaluma limemwadhibu, basi, palipo na sheria hiyo, aliyelipa na aliyeadhibu wanalazimika kulipeleka jambo hilo kwenye daftari moja la taifa. Dhana haina utata. Kilichovurugwa ni lugha, na kimevurugwa na watu waliopewa kazi ya kuitengeneza.

Tuanze na “mazoea”. Waliolichagua walikata neno la Kiingereza vipande viwili, wakatafsiri kila kipande peke yake, kisha wakaviunga. Hawakuuliza kipande cha pili kilitoka wapi. Mwanasheria William Blackstone, alipoandika juu ya sheria za Uingereza katika karne ya 18, aliliita kosa hili kwa Kilatini, mala praxis. Praxis ni neno la Kigiriki, na maana yake ni kutenda: kazi yenyewe inavyofanywa na mwenye kuijua. Halina uhusiano na mazoea. Kiswahili hakijawahi kuwa na shaka juu ya kitenzi “zoea”: ni kurudia jambo mpaka likawa tabia. Daktari wa upasuaji aliyefanya kazi miaka ishirini bila doa, kisha siku moja akasahau pamba tumboni mwa mzazi, hana mazoea yoyote mabaya. Mshtaki kwa jina hilo, na wakili wake atakuwa amemwokoa kabla shahidi wa kwanza hajasimama.

Wanahabari wetu wamepita njia nyingine. Wao husema “utepetevu wa wauguzi” au “uzembe wa madaktari”, na wengi wameridhika. Mimi sijaridhika. Kutepeta ni kulegea, kukosa nguvu. Mzembe ni mtu anayekwepa kazi na kupoteza wakati. Maneno yote mawili yanahukumu moyo wa mtu badala ya kupima tendo lake. Mwaka 2018, katika Hospitali Kuu ya Kenyatta jijini Nairobi, kichwa cha mgonjwa kilifunguliwa ili kuondoa damu iliyoganda kwenye ubongo, na damu hiyo haikuwamo. Wagonjwa wawili walikuwa wamechanganywa, na aliyelazwa mezani hakuwa yule aliyehitaji upasuaji. Pale hapakuwa na mtu aliyelala wala aliyekimbia kazi; watu walisimama saa kadhaa wakifanya kazi ngumu kwa mikono thabiti, juu ya mtu asiyehusika. Neno “uzembe” linafikia wapi hapo? Na muuguzi mmoja aliyeachiwa wodi nzima usiku, akachelewa kumfikia mama mmoja kwa sababu alikuwa akimwokoa mwingine, tutamwita mtepetevu? Atakuwa na haki ya kutukasirikia. Aliyefiwa naye atashindwa kuthibitisha madai yake, kwa kuwa fomu imemtaka athibitishe uvivu ambao haukuwapo.

Neno ninalolitetea ni “taksiri”. Limo katika kamusi kongwe za Kiswahili kwa maana ya kosa na madhara, na lina ukoo ambao kila Mswahili anaufahamu hata kama hajawahi kuuchunguza. Mzizi wake wa Kiarabu umetupa “kasoro”, yaani upungufu. Umetupa pia sala ya kasri, ile ambayo msafiri huifupisha. Ufupi na upungufu ndio uti wa mzizi huu, na kitenzi kinachozaa taksiri humhusu mtu ambaye wajibu wake ulimtaka afike mahali fulani, akakomea kabla. Hakiulizi kama alikuwa mvivu au mchapakazi, mwema au mwovu. Kinauliza mpaka ulikuwa wapi, naye alikomea wapi. Swali hilo ndilo wanalolijadili majaji wanapopima kazi ya daktari kwa kiwango cha daktari mwenzake mwenye ujuzi wa kawaida.

Ukoo huo una mengi zaidi. Wanavyuoni wa fiqhi ya Kiislamu, walipojadili ni lini mtu aliyeaminiwa mali au mwili wa mwenzake alipe dhamana, walitenganisha taadi na taksiri. Taadi ni kuvuka mpaka. Taksiri ni kutoufikia. Nao walimhesabu tabibu miongoni mwa wanaoweza kudaiwa, hasa yule anayetibu bila elimu ya tiba. Maneno haya mawili yote yamo katika Kiswahili, yamekaa yakingoja kazi, na yanatupa mgawanyo ambao rasimu ile haina kabisa. Daktari anayemshika mgonjwa kwa tamaa amefanya taadi. Anayempa dawa bila kusoma kadi yake amefanya taksiri. Mwaka 2013 mama mmoja alijifungulia sakafuni katika hospitali ya umma ya Bungoma, akatukanwa na kupigwa na wauguzi. Mahakama Kuu iliamua mwaka 2018 kwamba haki zake zilikiukwa, na ikaamuru alipwe shilingi milioni 2.5. Katika kesi hiyo moja kofi ni taadi, na kukosa kumpa kitanda na huduma ni taksiri, tena taksiri ya serikali mbili, ya taifa na ya kaunti. “Mazoea mabaya” yangeyatia yote kapu moja.

Nililiwasilisha neno hili mbele ya jopo fulani, kwa maandishi na kwa hoja. Nilijibiwa kwamba ni neno la pwani, na kwamba watu wa ziwani hawatalielewa. Jibu hilo lilinikera, na bado linanikera, kwa sababu waliolitoa walikuwa wakizungumza kwa niaba ya watu wasiowauliza. “Dawa” ni Kiarabu. “Daktari” limetoka Ulaya, na Mjaluo amelitia kinywani akalifanya “laktar”. “Sheria”, “wakili”, “hakimu” na “fidia” zote zilipanda kutoka pwani, na husikika kila siku kwenye korido za mahakama za Kisumu bila mtu kuomba tafsiri. Hospitali kuu ya mji huu, iliyojengwa kwa msaada wa Muungano wa Sovieti na kufunguliwa mwaka 1969, ina jina rasmi la Jaramogi Oginga Odinga, lakini makanga wa Kondele na mama mboga wa Kibuye huiita Russia mpaka leo. Watu hawa wanapokea maneno kutoka mbali na kuyatia kazini. Wasidharauliwe.

Mpinzani mwingine amedai kwamba taksiri itachanganywa na tafsiri kwa kuwa zinatofautiana herufi moja tu. Kama hoja hiyo ni hoja, tufute pia “kadhi” kwa sababu ya “kazi”. Wasomaji hutofautisha maneno kwa muktadha, na hakuna atakayeshtaki hospitali kwa tafsiri ya tiba.

“Uripotishaji” nao ni mbaya zaidi, maana una kosa la sarufi juu ya kosa la maana. Kiambishi -ish- hapo ni cha kusababisha, kwa hiyo kuripotisha ni kumfanya mtu mwingine aripoti. Isitoshe, kwetu mtu “hupiga ripoti” kwa chifu au kituo cha polisi. Anayepiga ripoti ni aliyetendewa. Mgonjwa akisoma “uripotishaji wa lazima” ataelewa kwamba analazimishwa yeye kumshtaki daktari wake, na wengi wataogopa, kwa kuwa kesho watarudi kwa daktari huyohuyo. Ukweli ni kinyume. Wajibu ni wa aliyelipa na wa aliyeadhibu. Ndiyo maana napendekeza “arifa ya taksiri”: arifa hutoka kwa mwenye habari kwenda kwa mwenye daftari, na simu za mkononi zimekwisha kumzoesha kila mtu neno hilo. Upande wa adhabu sina ugomvi nao. “Hatua za kinidhamu” linatosha.

Marekani walitunga sheria ya arifa ya namna hii mwaka 1986, na hazina ya taifa ya taarifa za watabibu ikafunguliwa Septemba 1990. Kila anayelipa fidia kwa niaba ya mtabibu, hata kiasi kiwe kidogo namna gani, huiarifu ndani ya siku 30, na hospitali hulazimika kuiuliza kabla ya kumpa daktari ruhusa ya kutibu kwake. Sheria yenyewe inasema malipo peke yake si uthibitisho wa kosa, na mimi nakubali, kwa hiyo daftari liandike “malipo ya dai la taksiri”. Kenya haina hazina ya aina hiyo. Tuna mabaraza, kila moja na rejista yake, na tangu 2013 tuna kaunti zinazoajiri na kufukuza kila moja kwa bodi yake. Mhudumu aliyeachishwa kazi Siaya anaweza kupanda feri Luanda Kotieno, akashuka Mbita, akaomba kazi Homa Bay, na bodi iliyomfukuza haina wajibu wa kuiarifu ile iliyo ng'ambo ya maji. Pengo hilo halitazibwa na rasimu isiyoweza kulitaja jina lake katika lugha ambayo Katiba ya 2010, kifungu cha 7, imeifanya ya taifa na rasmi pia.

Matumizi ni mepesi. Mtabibu “ametaksiri”, mgonjwa “ametaksiriwa”, dai ni “dai la taksiri ya tiba”. Daktari hushtakiwa kwa Baraza la Madaktari na Madaktari wa Meno, muuguzi kwa Baraza la Wauguzi, afisa wa kliniki kwa baraza lake. Kwetu wote huitwa “daktari”, kwa hivyo fomu iulize cheo kwanza.

Nawaomba wanaoandaa fomu na mabango ya kaunti za ziwa, kuanzia Busia hadi Migori, wasingoje rasimu ile ipitishwe. Andikeni “taksiri ya tiba” na “arifa ya taksiri”, kisha waulizeni wagonjwa wameelewa nini, kabla ya kuwauliza wanakamati.