Mashine Imekufa, Kazi Yake Imebaki: Gemu za Zamani, Emuleta na Kumbukumbu za Taifa

Historia ya kompyuta nchini mwetu huandikwa kwa kuanzia ofisini. Tunaelezwa kwamba kompyuta ya kwanza ya serikali, mashine ya aina ya ICT 1500, iliingia Wizara ya Fedha mwaka 1965. Tunaelezwa pia kwamba mwaka 1974, baada ya matatizo ya kompyuta katika hesabu za serikali, ilipigwa marufuku kuingiza nchini kompyuta na vifaa vyake, pamoja na televisheni, na kwamba milango ilifunguliwa tena kidogo kidogo baadaye. Yote hayo ni sehemu ya historia yetu. Lakini kwa wengi wa kizazi changu, tuliozaliwa karibu na mwaka 1980, kompyuta ya kwanza tuliyoigusa kwa mikono yetu haikuwa ya serikali. Ilikuwa mashine ya gemu.

Baadhi ya wasomaji watashangaa kuona mwalimu wa chuo kikuu akijishughulisha na gemu za watoto. Ninaomba wavumilie kidogo. Katika makala haya ninataka kuonesha kwamba chombo kinachotumiwa leo na vijana kucheza gemu za zamani kwenye kompyuta, yaani emuleta, kinatufundisha jambo ambalo watunza kumbukumbu wa serikali wanapaswa kulijua: kuhifadhi waraka bila kuhifadhi njia ya kuusoma ni kuuzika.

Kompyuta iliyoingia kwa mlango wa uani

Tarehe 15 Julai 1983 kampuni ya Nintendo ilianza kuuza nchini Japani mashine iitwayo Family Computer, kwa kifupi Famicom. Jina lenyewe linasema wazi kwamba hiyo ni kompyuta. Ilikuwa na prosesa iliyokwenda kwa takriban mizunguko milioni 1.79 kwa sekunde na kumbukumbu ya kazi ya kilobaiti 2 tu. Pamoja na toleo lake la Marekani na Ulaya, ziliuzwa zaidi ya mashine milioni 61 duniani.

Mashine halisi za Nintendo hazikuwa zetu. Zilizotufikia ni nakala zake, zilizotengenezwa Taiwan na China bila idhini, zikiwa na kaseti zilizodai kubeba gemu 999 ilhali zilikuwa chache zilizorudiwarudiwa. Njia yake ilifunguliwa na mabadiliko ya uchumi. Mwaka 1984 serikali iliruhusu watu kuagiza bidhaa kwa fedha zao za kigeni bila kuulizwa walikozipata, na kilichofuata ndicho watu walichokiita enzi ya ruksa, chini ya Rais Ali Hassan Mwinyi. Vitu ambavyo muongo mmoja kabla vilionekana kuwa anasa ya mabepari vilianza kuonekana madukani.

Hapa Songea mambo yalikwenda taratibu zaidi. Zanzibar ilikuwa na kituo chake cha televisheni tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara ilisubiri hadi mwaka 1994 ndipo ITV ikaanza kurusha matangazo. Kwa hiyo nyumba chache za Mfaranyaki au Lizaboni zilizokuwa na televisheni kabla ya hapo zilikuwa nayo kwa ajili ya deki ya video, na baadaye kwa ajili ya gemu. Umeme nao ulitoka kwenye jenereta za dizeli. Mji wetu haukuunganishwa na gridi ya taifa hadi mwaka 2018, ilipokamilika njia kuu ya umeme kutoka Makambako. Gemu nyingi za wakati ule hazikuweza kuhifadhi pale mchezaji alipofikia, hivyo umeme ulipokatika, kazi ya saa mbili ilipotea na mtoto alianza upya. Kabla hatujasoma popote juu ya mgawo wa nishati, tulikuwa tumekwisha kuujua.

Historia hii haimo katika vitabu. Mashine hizo ziliingia bila nyaraka, zikauzwa bila risiti, zikachezewa kwa malipo ya sarafu katika vibanda visivyosajiliwa, kisha zikaungua na kutupwa. Famicom yenyewe ilikoma kutengenezwa mwaka 2003. Mtafiti anayetaka leo kujua watoto wa mji huu waliicheza dunia ipi kupitia kioo kile hawezi kuipata mashine yenyewe kwa urahisi. Anachoweza kupata ni programu inayoiga.

Emuleta hufanya nini

Emuleta ni programu inayoifanya kompyuta ya leo iige tabia ya mashine nyingine. Gemu iliandikwa kwa amri ambazo prosesa ya Famicom ilizielewa. Emuleta husoma amri hizo moja baada ya nyingine na kuitafsiria kompyuta yako kinachotakiwa kufanywa. Gemu haijui kwamba mashine yake haipo.

Kuiweka si kazi kubwa. Mimi ninatumia RetroArch, programu ya bure ambayo msimbo wake uko wazi kwa kila mtu, na kompyuta ndogo ya miaka mingi iliyopita inaimudu. Unaiweka programu, kisha ndani yake unachagua emuleta ya mashine unayoitaka, kwa kuwa kila mashine ina yake. Unaunganisha pedi kwa waya wa USB na kuieleza programu kitufe kipi ni kipi. Unaweka umbo la picha liwe nne kwa tatu, kama televisheni za zamani, la sivyo wahusika watatokea wanene kupita kiasi. Mwisho unafungua faili ya gemu, inayoitwa romu, ambayo ni nakala ya yaliyokuwa ndani ya kaseti. Super Mario Bros. ya mwaka 1985 ina ukubwa wa kilobaiti 40 tu. Picha moja ya simu ya leo inaizidi mara nyingi. Kwa mashine za baadaye kama PlayStation, emuleta nyingi huhitaji pia faili iitwayo bayosi, yaani programu ya msingi iliyokuwa ndani ya mashine yenyewe.

Hapa wanafunzi wangu huuliza kama jambo hili ni halali. Emuleta yenyewe kwa kawaida ni halali. Mwaka 1999 Sony iliishtaki kampuni ya Connectix iliyotengeneza programu ya kuiga PlayStation, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa nchini Marekani iliamua kwamba kuichambua mashine ili kutengeneza programu inayoiga ni matumizi yanayokubalika. Romu na bayosi ni suala jingine. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazilinda programu za kompyuta, na gemu haiwi mali ya umma kwa sababu tu imezeeka. Anayetaka usalama atumie nakala za kaseti anazozimiliki, au gemu mpya ambazo waandishi wake wameziruhusu zisambazwe bure.

Teknolojia ya ofisini iliyohamia uani

Jambo ambalo wacheza gemu wengi hawalijui ni kwamba emuleta haikuanzia kwenye michezo. Mwaka 1964 kampuni ya IBM ilipotangaza kompyuta zake za System/360, ilikabiliwa na tatizo kubwa. Wateja wake, yakiwamo mabenki na ofisi za serikali, walikuwa na programu nyingi zilizoandikwa kwa ajili ya mashine za zamani kama IBM 1401, na hawakuwa tayari kuzitupa. Suluhisho likawa kuiwezesha mashine mpya kuiga ile ya zamani. Kazi za mishahara na bima ziliendelea bila kuandikwa upya.

Miaka thelathini baadaye maarifa hayo yaliangukia mikononi mwa watu binafsi. Mwaka 1996 Marat Fayzullin alitoa iNES, moja ya emuleta za mwanzo za Famicom. Mwezi Februari 1997 Nicola Salmoria wa Italia alitoa MAME, inayoiga mashine za kumbi za michezo. Wahusika wa MAME wamesema tangu zamani kwamba lengo lao ni kuandika kumbukumbu ya jinsi mashine hizo zilivyofanya kazi; kwamba gemu zinachezeka ni ushahidi kuwa kumbukumbu hiyo ni sahihi.

Wasiwasi wao una msingi. Mwezi Julai 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ilionesha kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotolewa Marekani kabla ya mwaka 2010 hazipatikani tena sokoni. Ikiwa nchi yenye maktaba na fedha zile inapoteza kiasi hicho, sisi tunapoteza kiasi gani?

Somo kwa watunza kumbukumbu

Sisi watu wa Songea tunalijua tatizo hili kwa njia nyingine. Nyaraka za Wajerumani kuhusu Vita vya Maji Maji zipo, lakini nyingi zimeandikwa kwa mwandiko wa kale ambao hata Mjerumani wa leo hausomi bila mafunzo. Karatasi imesalimika, wasomaji wamepungua. Upande wa pili wa habari, ule wa wazee wetu, uliokolewa kwa sehemu mwaka 1968, wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walipotumwa vijijini kukusanya masimulizi wakati mashahidi bado wako hai. Miaka ishirini baadaye wengi wao wasingekuwapo.

Sasa tazama kumbukumbu za miaka ya 1990. Ninaijua ofisi moja ya umma ambayo kabatini mwake mna flopi diski zenye takwimu na barua za miaka hiyo, zilizoandikwa kwa programu kama WordPerfect na Lotus 1-2-3. Hakuna kompyuta ofisini humo inayoweza kuzisoma, na aliyeziandika amekwisha staafu. Tuna Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa ya mwaka 2002 na Sheria ya Serikali Mtandao ya mwaka 2019. Hata hivyo, sheria haisomi flopi diski.

Emuleta inaweza kusaidia kuzisoma. DOSBox, iliyoanza kutolewa mwaka 2002 kwa ajili ya wapenzi wa gemu za zamani za kompyuta, huweza kuendesha programu hizo hizo za ofisini zilizokwisha kufa. Ukiwa na kisomeo cha flopi cha USB, diski ambayo haijaharibika, nakala ya programu iliyotumika na kijana anayejua kuweka emuleta, faili la mwaka 1993 linaweza kufunguliwa na kuhamishiwa kwenye mfumo wa leo. Lakini diski hizo zinaoza kila mwaka, na unyevu wa masika ya Ruvuma hauzisubiri.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Ninaongeza kwamba hata daftari hupotea iwapo hakuna wa kulisoma. Kwa watumishi wa umma ninapendekeza mambo matatu: kagueni makabati kabla ya kuagiza kompyuta mpya na kuzitupa za zamani, tunzeni angalau mashine moja kuukuu inayofanya kazi katika kila mkoa, na msinunue mfumo wowote ambao mkataba wake hausemi data zitasomwaje siku muuzaji atakapofunga duka. Kwa wanafunzi wa historia, kazi ya mwaka 1968 haijaisha. Waliokuwa na vibanda vya gemu Mfaranyaki, mafundi waliozitengeneza mashine zile na makarani waliochapa faili za kwanza bado tunao. Nendeni mkawaulize mwaka huu.