Sahani Chafu ya Piccadilly

Wasee, mnajua ule mlango wa nyuma wa klabu? Si ule wa baunsa na taa, ule wa kando ya mapipa ya taka, wafanyakazi huingilia hapo. Kuna filamu ya 1929 imewahi kunipeleka huko ndani, na ni filamu bubu, hakuna mtu anaongea.

Inaitwa Piccadilly. Ilitengenezwa Uingereza na Mjerumani, E. A. Dupont. Klabu ni ya matajiri wa London, watu wamevaa wakavaa. Mteja mmoja analalamika kwamba sahani yake ni chafu. Mwenye klabu, Wilmot, anaenda jikoni kuuliza. Jikoni wanasema si sisi, uliza wanaoosha vyombo. Anafika huko, anampata Shosho, msichana Mchina, amepanda juu ya meza anadensi, wenzake wameacha kazi wanamtazama.

Anamfuta kazi. Lakini klabu ikianza kukosa wateja, anamrudisha, safari hii adensi mbele ya matajiri. Hapo nilisimamisha video kidogo. Densi iliyomfutisha kazi sasa ndiyo inamletea mdosi pesa!

Kuna mahali pengine paliniuma. Shosho na Wilmot wako kwa baa ya watu wa kawaida, mtaa wa Limehouse. Mwanamume Mweusi anacheza na mwanamke mzungu, mara baa nzima inawageukia na jamaa analazimika kuondoka. Wawili hao wanatazama tu. Wanajua wao pia wangefanyiwa hivyo.

Sasa sikia hii. Shosho aliigizwa na Anna May Wong, mzaliwa wa Los Angeles, babake alikuwa na dobi. Alitoka Hollywood 1928 akaenda Ulaya kwa sababu alichoka kupewa vipande vya kumdharau. Kwa Piccadilly, yeye ndiye unamkumbuka, lakini jina lake halikuwekwa la kwanza. Busu lake na mzungu halionyeshwi. Na mwishowe Shosho anauawa.

Kwa hivyo filamu iliona ubaguzi vizuri kabisa, halafu ikamfanyia Wong uleule. Alifariki 1961. Marekani ilimweka kwa sarafu ya senti 25 mwaka wa 2022.

Itafute, uitazame. Halafu niambie: pale unapopenda kwenda wikendi, unajua jina la anayeosha glasi?