Hildegard Knef

Hildegard Knef (28 Desemba 1925 – 1 Februari 2002) alikuwa mwigizaji wa filamu, mwimbaji na mwandishi kutoka nchini Ujerumani. Anakumbukwa hasa kama sura ya filamu ya kwanza iliyotengenezwa Ujerumani baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Nchini Marekani alijulikana kwa jina la Hildegarde Neff.

Maisha ya awali

Alizaliwa mjini Ulm. Baba yake alifariki yeye akiwa bado mtoto mchanga, akalelewa na mama yake mjini Berlin. Alianza kazi katika kampuni ya filamu ya UFA akijifunza kuchora katuni, kisha akasomea uigizaji wakati vita vikiendelea.

Katika miezi ya mwisho ya vita alikuwa na uhusiano na Ewald von Demandowsky, mmoja wa wakubwa wa filamu katika utawala wa Nazi. Berlin ilipozingirwa na jeshi la Kisovyeti mwaka 1945, Knef alivaa sare za kiume ili abaki pamoja naye katika mapigano. Alikamatwa na kufungwa kwa muda. Demandowsky aliuawa mwaka 1946 kwa hukumu ya mahakama ya kijeshi ya Wasovyeti.

Baada ya vita

Mwaka 1946 mwongozaji Wolfgang Staudte alimpa nafasi katika filamu Die Mörder sind unter uns (yaani "Wauaji wako kati yetu"). Filamu hiyo ilitengenezwa na kampuni ya DEFA katika eneo la Berlin lililokuwa chini ya Wasovyeti, na sehemu yake ilipigwa kati ya magofu halisi ya jiji. Knef aliigiza kama Susanne Wallner, mwanamke anayerudi nyumbani kutoka kambi ya mateso. Hivyo mwigizaji aliyekuwa mpenzi wa kiongozi wa filamu za Nazi alijulikana kwa kuigiza mhanga wa Wanazi.

Kwa filamu Film ohne Titel alipata tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la Locarno mwaka 1948. Wakati huo alikuwa ameolewa na Mmarekani Kurt Hirsch, akahamia Hollywood. Kwa maelezo yake mwenyewe, mtayarishaji David O. Selznick alimtaka abadilishe jina na kujitambulisha kama Mwaustria, naye akakataa.

Kesi ya Die Sünderin

Alirudi Ujerumani kuigiza katika Die Sünderin ("Mwanamke mwenye dhambi") ya Willi Forst, iliyotoka mwaka 1951. Anaonekana uchi kwa muda mfupi sana, lakini hadithi yenyewe ilihusu pia ukahaba na kujiua. Viongozi wa Kanisa Katoliki waliipinga vikali, na baadhi ya miji iliipiga marufuku. Mwaka 1954 Mahakama Kuu ya Utawala ya Ujerumani Magharibi iliamua kwamba filamu ni sanaa, kwa hiyo inalindwa na katiba. Uamuzi huo ulikuwa muhimu kwa uhuru wa sinema nchini humo.

Marekani

Aliigiza pia katika filamu za Kimarekani, Decision Before Dawn (1951) na The Snows of Kilimanjaro (1952) pamoja na Gregory Peck. Filamu hii ya pili inatokana na hadithi ya Ernest Hemingway inayotokea karibu na Mlima Kilimanjaro. Kuanzia mwaka 1955 aliigiza kama Ninotchka katika Silk Stockings, mchezo wa muziki wa Cole Porter uliochezwa Broadway mara 478.

Muziki na vitabu

Katika miaka ya 1960 alijulikana upya kama mwimbaji mwenye sauti nzito, akiandika mwenyewe maneno ya nyimbo zake nyingi. Wimbo wake maarufu zaidi ni Für mich soll's rote Rosen regnen (1968). Kitabu cha maisha yake, Der geschenkte Gaul (1970), kiliuzwa sana na kutafsiriwa katika lugha nyingi. Katika Das Urteil (1975) alieleza waziwazi jinsi alivyougua saratani, jambo ambalo watu mashuhuri wa wakati ule hawakulizungumza kwa urahisi.

Mwaka 1978 aliigiza katika Fedora ya Billy Wilder. Alifariki mjini Berlin akiwa na umri wa miaka 76. Maisha yake yalitengenezewa filamu, Hilde (2009), ambamo Heike Makatsch alishika nafasi yake.