Mtoto wa Nairobi Nyuma ya Kinyago

Wazee wa Ufipa walipotaka chuma walijenga ilungu, tanuri la udongo lililomzidi mtu kwa urefu. Hewa ilijiingiza yenyewe kupitia matundu ya chini. Lakini kilichotoka humo kilikuwa bado hakifai kwa jembe wala shoka. Kilihamishiwa kwenye kintengwe, tanuri dogo lenye mivukuto, ndiko kilikotakaswa. Sifa aghalabu huenda kwa ilungu, kwa kuwa ndilo linaloonekana kwa mbali.

Katika sinema za kubuni za kisayansi, zile za vyombo vya anga na viumbe wa sayari nyingine, nako kuna vintengwe. Mmojawapo ni Deep Roy. Alizaliwa Nairobi katika familia ya Kihindi, kisha akaenda Uingereza. Kimo chake ni kama sentimita 132.

Wengi wetu huku Sumbawanga tulizijua sinema hizo kwa mikanda ya video, maana televisheni Tanzania Bara ilianza mwaka 1994. Tulimwona mtu huyu bila kujua kwamba ni mzaliwa wa jirani. Mwaka 1977, katika mchezo wa televisheni wa Doctor Who, alikuwa Mr Sin, mwanasesere muuaji mwenye ubongo wa nguruwe. Mwaka 1980, katika Flash Gordon, alikuwa kiumbe afugwaye na binti mfalme, akiongozwa kwa mnyororo. Mwaka 1983, katika Return of the Jedi, alikuwa Droopy McCool, mpiga zumari aliyefunikwa mwili mzima.

Hapa pana swali zito. Mtu akipewa kazi kwa sababu ya kimo chake, je, ameheshimiwa au amefanywa kioja? Mnyororo ule haunipendezi hata leo. Hata hivyo, kinyago hakimfanyii mtu kazi. Aliyefunikwa uso hubakiwa na shingo, mabega na mikono, na kwa hivyo tu hana budi kuonyesha hofu, ukaidi au furaha. Huo ni ufundi, na hauji kwa kuzaliwa mfupi.

Mwaka 2005, katika Charlie and the Chocolate Factory ya Tim Burton, Roy aliigiza Oompa-Loompa wote, 165 kwa hesabu. Alirudia tendo lilelile tena na tena, kila mara akiwa mtu mwingine, kisha picha zikaunganishwa. Mwaka 2009, katika Star Trek, akawa Keenser, msaidizi wa mhandisi mkuu wa chombo cha anga, na akairudia nafasi hiyo mwaka 2013 na 2016. Uso ulikuwa bado umefunikwa, lakini aliyefungwa mnyororo sasa alishika mitambo.

Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende. Basi, ndugu msomaji, umwonapo mtu mfupi akichekwa sokoni kabla hajafungua kinywa, usiishie kuwakemea wanaocheka. Muulize yeye anajua kazi gani.